Tupeane uzoefu: viumbe wa hadithi wanaoshuhudia historia kwa sauti

Wadau wa Kanda ya Ziwa, salaam. Naomba tukusanye hapa viumbe wa kubuni, tuliosimuliwa na bibi zetu au tuliowatunga wenyewe, ambao kazi yao ni kunasa sauti za yaliyotokea na kuyatolea ushahidi. Majini ya kuwatisha watoto wasiende kuogelea tuyaache. Nataka mashahidi.

Wangu namwita Msikizi. Anaishi chini ya maji ya Ziwa Victoria, nje ya Bwiru, Mwanza, hana macho, mwili mzima ni ngozi ya ngoma. Nilimtunga kwa sababu ya meli ya abiria MV Bukoba, iliyozama asubuhi ya tarehe 21 Mei 1996 ikitokea Bukoba kupitia Kemondo. Walikufa watu zaidi ya 800, na wengi wamelala makaburi ya Igoma, Mwanza. Abiria wa daraja la tatu hawakuwa na orodha, kwa hiyo wapo waliopotea hata majina. Meli ilipopinduka ilielea kwanza, na waliokuwa ndani wakasikika wakigonga bati. Ilipotobolewa ili watolewe, hewa ikatoka, ikazama. Msikizi aliyapokea mapigo yale moja baada ya jingine, na kila pigo analijua ni la mkono gani. Akiitwa kutoa ushahidi hasemi neno. Anagonga vilevile walivyogonga, mpaka mama mmoja kwenye umati asimame aseme, huyo ni wangu.

Mdau wa Ukerewe: Mkuu, hapo umenigusa. Marehemu bibi yetu alikuwa na furukombe, yule tai mla samaki, anayemeza sauti. Akiwa juu ya mti anameza kila kinachosemwa mwaloni, pale mitumbwi inaposhusha samaki: bei ya samaki, ugomvi, kilio cha msiba, na mzee akifa anairudisha sauti yake mara moja tu, familia iisikie. Baada ya kivuko cha MV Nyerere kupinduka karibu na Ukara, tarehe 20 Septemba 2018, shangazi aliongeza kipande. Siku ile ilikuwa ya gulio Bugolora, watu wanarudi Bwisya na mizigo. Sasa furukombe wa shangazi huanza na kelele za gulio, wauzaji wakiitana, halafu injini, halafu ananyamaza. Shangazi haendelei zaidi ya hapo, na sisi hatumuombi.

Mdau wa Mabatini: Kwetu mzee alisema tu mawe ya Bismarck, yale ya ziwani hapa Mwanza, yanasikia, tusiseme uongo tukipita pale.

Mdau wa Kisesa: Babu alicheza ngoma za Kisukuma upande wa Wagika. Mnajua mashindano yao na Wagalu: anayevuta umati mkubwa ndiye mshindi. Alisema ndani ya ngoma kubwa kuna kizee kifupi kinachohesabu nyayo za waliokuja, na kila upande ukidai ushindi, ngoma inapigwa usiku na kizee kinatoa vishindo vyote vya miguu upya. Nikienda makumbusho ya Bujora naziangalia zile ngoma kwa heshima kabisa.

Mdau wa Bunda: Kule Moru, Serengeti, kuna jiwe lenye vishimo vya kugongewa; ukiligonga linalia kama chuma. Nimewatungia wanangu kiumbe wa humo. Ila nina swali kwa mwanzisha mada. Shahidi wa sauti akisikia uongo ataurudisha vilevile. Mtu atajuaje?

Mwanzisha mada: Ndugu wa Bunda, nimeliwaza sana hilo. Msikizi anatunza na pumzi iliyo kabla ya neno, na anayedanganya huvuta pumzi kwa namna yake. Kwa hiyo kwenye hadithi yangu aliyesema meli haikujaza watu kupita kiasi hasikiki akisema. Inasikika ile pumzi yake tu, mbele ya wote. Wa Musoma na Bukoba sijawasikia bado. Mkiandika, elezeni na sauti yenyewe inavyolia, maana nataka watoto waweze kuiigiza.