Bastola inapiga chini kushoto kila siku, ni mimi au ni saiti ya kulengea?

DerevaWaNtinda
Wazee salaam. Niko Kampala hapa, naendesha gari la bosi na pia ndio mlinzi wake, karatasi zote ziko sawa msianze kuniuliza hayo. Miaka yote nilikuwa mtu wa SMG, ile bunduki ndefu ya begani, na sikuwahi kuaibika renji (uwanja wa shabaha) hata siku moja. Sasa mwaka huu tumepewa bastola, Glock 17, na mimi nimekuwa kichekesho cha kikosi. Juzi tulipiga mita 10, risasi 20, karibu zote zimekwenda saa moja, nje kabisa ya duara jeusi, lakini ajabu ni kwamba zimekaa pamoja, unaweza kuzifunika na kisahani cha chai. Instrakta wetu kaniambia "wewe lenga saa saba tu zitarudi katikati". Mwenzangu naye anataka tuigonge saiti ya nyuma na nyundo. Mtihani ni baada ya wiki tatu na kampuni inatupa risasi kidogo sana za mazoezi, kwa hiyo siwezi kusema nitapiga mpaka nizoee. Nisaidieni, nipige nyundo ama?

KijanaWaJinja
Saa moja hiyo ni rahisi sana ndugu, juu kulia. Unangoja teke la bastola halafu unasukuma na kisigino cha kiganja kabla risasi haijatoka, mdomo unapanda. Legeza kiganja basi. Nyundo wacha.

MzeeWaMasindi
Ngojeni kwanza, ngojeni. Saa moja ya nani? Ya Kiswahili ama ya Kizungu? Maana saa moja yetu mshale uko kwenye saba, hiyo ni chini kushoto. Na saa moja yao iko juu kulia. Hizo ni pembe mbili zinazotazamana kabisa na dawa zake si moja. Nilishaona mwalimu anapiga kelele "adui saa tatu!" nusu ya platuni ikageuka kulia na nusu ikageuka kushoto, tukacheka mpaka tukalishwa pushapu. Dereva sema kwa mikono, juu au chini, kulia au kushoto. Na unatumia mkono gani?

DerevaWaNtinda
Hahaha afande pole, chini kushoto. Mkono wa kulia.

KijanaWaJinja
Basi futa yangu yote 😂

MzeeWaMasindi
Sawa, sasa tuongee. Nilifundisha vijana silaha miaka mingi kabla sijarudi shambani kwa mahindi yangu na nakwambia kati ya vijana kumi wanaoshika mkono wa kulia walio wengi wanaanza hapo hapo ulipo, chini kushoto. Kwa hiyo usione aibu, ila usipige nyundo na pia usilenge juu kulia. Hayo mawili ni kama kuona gari linavuta kushoto ukaamua kuwa unashika usukani umepinda mpaka Mbarara, wakati tairi ndiyo haina upepo. Siku kosa litakapopona lenyewe, risasi zako zitaanza kwenda juu kulia na utakuwa umejifundisha ugonjwa wa pili.

Kwanza jua kama ni wewe au ni bastola. Mpe mtu anayejulikana anapiga vizuri apige tano na bastola hiyo hiyo, risasi hizo hizo, umbali huo huo. Zikienda katikati basi saiti haina kosa, kosa liko kwenye mkono wako. Kama huna mtu, weka mikono juu ya gunia la mchanga upige polepole sana. Saiti inaguswa baada ya hapo tu, na ikiguswa saiti ya nyuma inasogezwa upande ule unaotaka risasi iende, si kinyume, watu wengi wanakosea hapo. Na inasogezwa kwa chombo chake, wacha nyundo ikae kwa fundi wa vitanda.

Lakini mimi nakwambia kabla hujapima kwamba ni wewe. Kwa nini? Tazama uzito. Glock 17 bila risasi ni kama gramu 700 hivi au chini kidogo, na triga yake (kifyatulio) inataka karibu kilo mbili na nusu kuivuta. Yaani kidole chako kimoja kinatia nguvu zaidi ya mara tatu ya uzito wa kitu chenyewe. SMG ni kilo zaidi ya tatu, imeegemea bega, umeikumbatia, ukivuta triga vibaya kidogo haisikii. Bastola inasikia kila kitu. Sasa wewe unaona saiti imekaa vizuri, unasema moyoni "SASA!" unanyakua, na vidole vyote vitano vinakaza kwa pamoja kama unakamua chungwa. Vile vidole vitatu vya chini vikikaza mdomo wa bastola unainama, na kidole cha triga kinausukuma kushoto. Chini, kushoto. Hiyo ndiyo hadithi yako yote.

Na usiseme ni kidogo haiwezi kuleta tofauti. Kutoka saiti ya nyuma mpaka ya mbele ni kama sentimita 16. Saiti ya mbele ikitoka kwenye mstari milimita moja tu, mita 10 mbele risasi imehama sentimita 6. Mkono mzima ukitetemeka lakini saiti zimebaki sawa, ukihama sentimita moja na risasi inahama sentimita moja, basi. Kwa hiyo kutetemeka si adui yako, kila mtu anatetemeka, hata mimi na hawa bingwa. Adui ni kule kunyakua wakati unajaribu kuwahi kabla haijatetemeka tena.

Nakku_hajakosa
Naongeza hapo kwa mzee: je anafumba macho? Mimi nilikuwa nafumba na nilikuwa naapa kwamba sifumbi. Mwenzangu akanichukua video na simu kutoka pembeni (afande wa renji aliruhusu, usichukue bila kuomba), tukaangalia polepole, eh! Macho yamefungwa kabla hata ya mlio. Dawa yangu ilikuwa masikio. Nilianza kuvaa vile vidude vya ndani ya sikio na headifoni za nje juu yake, vyote viwili, mlio ukapungua na mwili ukaacha kuogopa. Watu wanafikiri wanaogopa teke kumbe wanaogopa kelele, hasa renji yenye paa la mabati.

DerevaWaNtinda
Masikio hatupewi kitu dada, tunaweka pamba 🙈

Nakku_hajakosa
Pamba ni ya mafua. Nunua yako mwenyewe, masikio hayana spea.

Mpiga_Kavu
Mtihani wa kujua kama unashtuka ni risasi bandia. Mwambie mwenzako akupakie magazini wewe ukiwa umegeuka, achanganye za kweli na bandia bila mpango, labda mbili bandia kwa tano. Upige kama kawaida. Ukifika kwenye bandia itasema "tik" peke yake na hakuna teke la kuficha kosa, hapo utaona mdomo wa bastola unavyochota chini kama mtu anayesinzia kanisani. Mara ya kwanza utakataa kwamba ni wewe. Halafu unavuta slaidi, kile chuma cha juu kinachorudi nyuma, bandia itoke, unaendelea. Risasi zako chache zinakuwa nyingi hivyo, maana kila bandia ni somo na haina gharama.

MzeeWaMasindi
Huyo kasema kweli tupu, hilo ndilo zoezi ningempa mtu kama ningeruhusiwa kumpa moja tu.

KijanaWaJinja
Si kuna ile chati ya duara iliyogawanywa kama keki inayoonyesha kila kosa? Nitafute niweke hapa?

Mpiga_Kavu
Iweke lakini kwa tahadhari. Ile chati ilitengenezewa watu wa kushika bastola na mkono mmoja, shabaha ya kusimama wima kama mchezo wa zamani. Ukishika na mikono miwili mkono wa pili unabadilisha mambo, kwa mfano mkono wa kushoto ukilegea, risasi zinakwenda kushoto hata kama kidole hakina kosa. Na ni ya mkono wa kulia, kama wewe ni wa kushoto igeuze kama kwenye kioo. Ichukue kama mahali pa kuanza kuuliza. Pia kundi ndilo linasema, risasi moja haisemi kitu. Zikisambaa kila mahali hiyo chati haina cha kukuambia, hapo tatizo ni macho yanarukaruka kati ya saiti na shabaha, au mshiko unabadilika kila risasi.

Amaguru_Arua
Mimi ni wa mkono wa kushoto na zangu zilikuwa chini KULIA, nikaambiwa na mwalimu mmoja natumia kidole kingi, mwingine kidogo, mwingine nihame kabisa nitumie mkono wa kulia 😤 Kumbe jicho langu kuu ni la kulia. Unajipima hivi, nyoosha mikono uunganishe viganja ubakize kitundu kidogo, tazama kitu cha mbali kupitia hapo na macho yote mawili, halafu vuta mikono polepole mpaka usoni. Itakuja yenyewe kwenye jicho linalotawala. Kama jicho na mkono havilingani kwa bastola si msiba kama kwa bunduki, unasogeza bastola kidogo mbele ya jicho hilo au kugeuza uso kidogo, imeisha. Lakini hiyo ilinitibu kulia tu, ya chini ilibaki ni kunyakua kama anavyosema mzee.

DerevaWaNtinda
Nimejipima, jicho langu ni la kulia, niko sawa hapo. Swali lingine, mimi bosi namsubiri kwenye gari masaa matano kila siku, nafanya nini bila risasi? Na yule Mturuki wa Olimpiki ya Paris 2024, si aliweka mkono mfukoni na akapata medali ya fedha? Labda mkono wa pili ndio unaniharibia.

MzeeWaMasindi
Wacha Mturuki wa watu. Yusuf Dikeç alikuwa na bastola ya upepo ya mita 10, teke lake ni kama kupiga chafya ya paka, na kwenye mchezo ule triga inaruhusiwa kuwa nyepesi mpaka gramu 500. Duara la kumi pale ni milimita 11.5, kwa hiyo tumheshimu, lakini yako ni 9 mm na kazi yako si mchezo. Mikono miwili.

Na kwenye gari la bosi usifanye chochote! Utafyatua kwenye foleni ya Jinja Road tuone picha yako kwenye habari. Mazoezi ya kavu, yaani kuvuta triga bila risasi, ni nyumbani au chumba cha silaha, kama kanuni za kazi yako zinaruhusu. Toa magazini, vuta slaidi, tazama chemba (pale risasi inapokaa) kwa macho halafu ingiza kidole, rudia. Risasi zote zikae chumba kingine, si mezani, CHUMBA KINGINE. Elekeza kwenye ukuta wa tofali ambao hakuna mtu nyuma yake, mabati na mbao si ukuta. Ukimaliza, sema kwa sauti nimemaliza, na usirudie "moja ya mwisho" baada ya kupakia. Hiyo moja ya mwisho imetoboa televisheni nyingi.

Sasa zoezi. Chukua sarafu ya 500, mtu akuwekee juu ya slaidi karibu na saiti ya mbele. Vuta triga mpaka itike bila sarafu kuanguka. Glock lazima uvute slaidi tena kila mara ndio triga irudi. Mikono: mkono wa kulia uwe juu kabisa kwenye mshiko, wa kushoto ujaze ile nafasi iliyobaki, na huu wa kushoto ndio ukaze zaidi, ili vidole vya kulia vipumzike na kidole cha triga kiwe huru. Macho yako kwenye saiti ya mbele, ionekane kali kama maandishi, shabaha ifanye ukungu kidogo. Mwanga uwe sawa pande zote mbili za saiti ya mbele ukiitazama kwenye pengo la saiti ya nyuma, na vichwa vya saiti viwe sawa juu. Kisha ongeza nguvu kwenye triga pole pole bila kusimama mpaka ikushangaze. Ikisha kutika usiachie, shikilia, tazama saiti iko wapi, ndipo uachie taratibu. Dakika kumi kwa siku inatosha, ukichoka unajifundisha makosa.

KijanaWaJinja
Na wenye bastola ya Makarov je? Risasi yangu ya kwanza inakwenda kwa jirani, zinazofuata ziko sawa.

MzeeWaMasindi
Ile ya kwanza nyundo ya bastola yenyewe iko chini, triga inavuta na kuinua nyundo, ni ndefu na nzito. Baada ya hapo slaidi imeshainua nyundo, triga inakuwa nyepesi. Ni kama triga mbili kwenye bastola moja. Kwenye kavu fanya ile ya kwanza mara nyingi zaidi.

DerevaWaNtinda
Wazee nimerudi. Wiki mbili za sarafu, mke wangu ndiye alikuwa anaiweka, mwanzoni ilianguka kila mara akaniambia afadhali niiweke kwenye sanduku la kanisa. Jana renji. Afande mwingine alipiga tano na bastola yangu, zote ndani ya duara jeusi, kwa hiyo saiti ni nzima na nimemrudishia mwenzangu nyundo yake. Tukafanya ile ya bandia, ya kwanza ilichota chini hadi instrakta mwenyewe akacheka, akanyamaza, akaomba naye apakiwe, na yake pia ikachota 😅 Mwishoni nilipiga kumi, saba ndani, tatu bado chini kushoto lakini karibu. Hizo tatu zote ni za mwisho kwenye magazini, nilikuwa naharakisha kumaliza. Mtihani Ijumaa.

Nakku_hajakosa
Na masikio ulinunua?

DerevaWaNtinda
Nimenunua ya ndani. Ya nje mshahara ukiingia.