Mahindi ati yameongezeka, mbona bandarini meli haziishi?

Mkaazi wa Kibarani: Jamani, serikali yasema mahindi yalitoka magunia milioni 34 hivi 2022 yakafika 47 na kitu 2023, eti ni ile mbolea ya bei nafuu ya serikali. 2024 yakashuka kidogo, 44 na ushei. Sasa mbona kila nikipita naona nafaka zashuka melini? Na unga utashuka bei lini? Nani muongo hapa?

Mama Mahamri: Hiyo nyingi ni ngano babu. Hayo mahamri unayolia mbaazi asubuhi unga wake ni wa Urusi, Ukraine, Argentina huko. Ngano ya Narok haifiki hata robo ya tunayokula

Chuma cha Likoni: Mahindi pia yaja, mshasahau ya Mexico 2017? Pakiti ya unga ya kilo mbili ikawa shilingi 90, ukienda dukani waambiwa imeisha sasa hivi

Kitale Damu: Nyinyi watu wa Pwani mahindi mwayajulia wapi, kazi yenu kulala chini ya mnazi mkingoja lori za Kitale. Sisi tulipigwa na mbolea feki 2024 na bado tukawalisha

Mtoto wa Kaloleni: Weee chunga mdomo. Mamangu alima mahindi tangu sijazaliwa, kwa jembe la mkono, na huku mvua ya mwezi wa nne ikikosa basi mwaka ushakwenda. Kuanzia mwisho wa 2020 mvua ilikosa misimu mitano mfululizo, mahindi yakakauka yako kimo cha goti, asubuhi yuaamka ang'oa mabua awape mbuzi. Huyo ndo alolala chini ya mnazi?? Na huo mnazi wenyewe una mwenyewe, huji tu ukajilalia

Afisa Mstaafu: Turudini kwenye swali. Magunia kuwa mengi si hoja, hoja ni kukausha. Bodi ya nafaka yataka unyevu wa mahindi usizidi asilimia 13.5, mkulima hana mashine, avuna kwenye mvua, broka amngoja pale pale na bei yake. Miezi michache baadaye ni yayo hayo mahindi amuuzia mwenye kinu bei maradufu. Sasa unga utashukaje?

Kitale Damu: Kaloleni usilie. Ule mradi wa serikali wa kumwagilia mashamba huko kwenu, Galana Kulalu, je? Ardhi mnayo, mto mnao, ekari milioni moja iko wapi

Chuma cha Likoni: Galana ilipangwa Nairobi wewe, sisi Wapwani tuliiona kwa TV kama nyinyi tu. Usitutwike

Mama Mahamri: Kwanza sisi sima twala kwa mchuzi wa papa, si sukuma kavu. Na kwa wali hamtuwezi

Kitale Damu: Wali wa Pakistan! Mchele wa Mwea uko, wanukia mpaka kwa jirani, nyinyi mwakimbilia meli

Mama Mahamri: Wa Mwea mtamu sikatai, lakini ntie kwenye biriani ya watu mia mbili ushikane? Mwenye harusi anidai pesa zake? Hebu niache

Mkaazi wa Kibarani: Mie niliuliza mahindi jamani

Chuma cha Likoni: Ushajibiwa na mzee hapo juu, soma. Mama Mahamri, huo mchele wa Mwea hushikana ukitia maji kama wapika uji, tatizo ni mpishi

Mama Mahamri: Mpishi nani?? Rudia tena