Nimelipa rupia 500 kuona Kathakali, nimeonyeshwa migongo ya wenye simu

Wakuu, niko masomoni Kochi, jimbo la Kerala, India. Nimerudi sasa hivi kutoka kwenye onyesho na nimevimba kama andazi.

Kathakali, kwa asiyeijua, ni ngoma ya kuigiza visa vya Mahabharata na Ramayana, zile tenzi kuu za kale za Wahindu. Mchezaji hasemi neno. Waimbaji wanaimba nyuma yake, yeye anazungumza kwa vidole, macho na mashavu. Hekaluni huchezwa usiku kucha, mpaka kunakucha.

Niliwahi kuwaona wakijipamba. Jamaa kalala chali, mwenzake anampaka kijani usoni, anambandika ukingo mweupe wa karatasi pembeni mwa mashavu hadi kidevuni. Zaidi ya saa nzima, hata kujikuna hajikuni. Halafu akatia kijimbegu ndani ya kope, akafumba na kuzungusha macho mpaka yakaiva mekundu. Pale Kerala Kalamandalam, chuo alichokianzisha mshairi Vallathol mwaka 1930, vijana huamka kabla ya alfajiri kufanyia mazoezi macho hayohayo. Kwa miaka!

Sasa ngoma zinaanza tu, vijana wa waandaaji wakasimama mbele yetu na simu juu, na ile taa yao ya duara. Taa ya mafuta ya jukwaani haikuonekana tena. Nikainama kushoto, mgongo. Kulia, mgongo.

Kilichonichefua zaidi: katikati ya kisa, mwandaaji akashika kipaza sauti akasimamisha ngoma, akamwomba mchezaji arudie kuzungusha macho, eti waliopo mtandaoni hawakuona vizuri. Mzee wa watu akarudia. Mpiga chenda, ile ngoma ya kupigwa kwa vijiti, akaweka vijiti chini, akatazama pembeni.

Na msiniambie mimi mshamba wa mitandao. Kathakali yenyewe niliijulia kwenye kipande cha sekunde 30. Ila kile kipande kilinifanya nitoe hela nije nione mambo kamili, na tiketi ilisema mpaka saa sita usiku. Saa tatu wamefunga! Eti watazamaji wa laivu wameshapungua. Sisi tuliokaa kwenye viti hatuhesabiki?

Nikadai nirudishiwe hela. Yule dada wa mlangoni akatabasamu: "Kaka, video nzima utaiona kwenye ukurasa wetu."

Kuna mwenzetu yeyote aliye huku aliyewahi kurudishiwa hela ya tiketi? Alilalamika wapi?