Wanang'oa madirisha na sisi bado tumo ndani!

Wakuu, leo sina salamu ndefu.

Naishi Kariakoo, ghorofa ya tatu, nyumba niliyozaliwa. Mzee mwenye nyumba alifariki, arobaini ilipokwisha tu warithi wakauza, na mnunuzi anataka kushusha jengo ainue maduka. Sawa, mali yake. Jengo lenyewe limechoka, nondo za ngazi zinachungulia, na baada ya lile lililoporomoka hapa hapa Kariakoo Novemba 2024 hakuna mwenye akili anayeng'ang'ania kulala chini ya zege bovu. Kuhama tumekubali.

Kinachoniuma ni tunavyohamishwa. Kikao hawajatuita hata kimoja! Dalali wao anapita usiku, mlango kwa mlango. Huyu kapewa miezi miwili, yule wiki mbili, mama mjane wa chini kaambiwa "utajijua". Na kila mmoja kaonywa asimwambie jirani. Watu tuliokuwa tukichangia LUKU moja ya umeme (na kuigombania, tusidanganyane) sasa tunakwepana ngazini.

Juzi mafundi wakang'oa madirisha ya koridoo na geti la chini, vyuma vikapakiwa kwenye mkokoteni. Familia sita bado tumo! Nalala kitanda nimekisukumia mlangoni. Simtanki la juu limeshateremshwa, maji tunapandisha kwa ndoo. Ile X nyekundu ya kubomolewa wameipiga palepale tulipokuwa tukipimwa urefu kwa mkaa utotoni; mstari wa dada yangu wa darasa la pili umefunikwa.

Majirani waliokwisha kuhama, wengine wako Mbagala, wengine Chanika. Bibi wa ghorofa ya kwanza kachukuliwa na mwanawe Tanga, na ndiye aliyekuwa akiosha maiti za kike za jengo zima.

Najua kuna atakayeniambia habari za Magomeni Kota, ambako wakazi walihamishwa nyumba za zamani zikabomolewa. Kule ardhi ni ya umma, zilihesabiwa kaya 644, na maghorofa mapya yakazinduliwa 2022. Sisi orodha yetu iko kichwani mwa dalali.

Halafu kodi. Nililipa miezi sita mbele, nikikumbushia salio langu naambiwa nimfuate aliyepokea. Aliyepokea yuko makaburini Kisutu!

Kuna aliyewahi kufika Baraza la Ardhi na Nyumba kwa kesi kama hii? Niende na nini? Mkataba sina, nina daftari lenye saini za marehemu tu. Nijibuni haraka, Jumamosi wanaanza na paa.