Mjadala: Rama alikuwa na haki kumfukuza Sita?

Wakuu, nileteeni hoja kuhusu "Ram Rajya", ile filamu ya Kihindi ya Vijay Bhatt ya mwaka 1943, iliyotokana na Ramayana, utenzi wa kale wa India kuhusu mfalme Rama na mkewe Sita. Rama ni Prem Adib, Sita ni Shobhna Samarth (mama mzaa mama wa mwigizaji Kajol, kwa wasiojua). Mahatma Gandhi, ambaye sinema wala hakuzipenda, hii alikubali kuitazama.

Kisa mnakijua. Rama amerudi Ayodhya, mji wake mkuu, baada ya miaka 14 porini; Ravana aliyemteka Sita kauawa, Sita kakombolewa. Dobi mmoja anamfukuza mkewe akimwambia yeye si Rama wa kumrudisha mwanamke aliyekaa kwa mwanaume mwingine. Umbea unamfikia mfalme. Anajua fika mkewe hana doa, bado anamtoa, tena akiwa mjamzito.

Watetezi husema mfalme ni mali ya raia, akijipendelea nyumbani kwake hana uso wa kumhukumu mtu. Sawa. Tena hakuoa mke mwingine: kwenye kafara ya farasi, ambapo mfalme hutakiwa kukaa na mkewe, aliweka sanamu ya Sita ya dhahabu. Mimi sanamu hiyo ndiyo inayoniudhi. Sita mwenyewe yuko porini kwa mtawa Valmiki analea mapacha wa Rama!

Na ile miaka 14 nchi ilikuwa mikononi mwa nani? Bharata, mdogo wake, aliweka viatu vya Rama kwenye kiti cha enzi, mambo yakaenda. Basi Rama angevua taji akafuatana na mkewe, kama Sita alivyomfuata yeye mara ya kwanza bila kulazimishwa na mtu.

*Jibu:* Mkuu, hapo sikubaliani. Akiondoka naye, watu watasema dobi alisema kweli. Na mfalme anayeacha kiti kwa sababu ya mapenzi anawafundisha nini wanaomfuata?

*Jibu:* Kwani kumfukuza hakukuwafanya waseme dobi alisema kweli?

*Jibu:* Nyote mnazungumza kama Sita si raia. Dobi kasikilizwa bila hata kwenda barazani. Sita hakuulizwa neno. Kwenye Ramayana ya Valmiki (huyo huyo mtawa ndiye husemwa aliitunga), Lakshmana, mdogo wake Rama, anamchukua kama anampeleka kutembelea watawa, na habari ya kufukuzwa anaisikia huko huko porini. Mke wa dobi naye kafukuzwa, hakuna aliyemwulizia. Wanaosema Rama alitanguliza raia wanitajie ni raia gani.