Zuri nini?

Kikundi: Ukoo wa Bi Tatu

Idrisa (Atlanta): Assalaam alaykum. Shikamooni wakubwa wote. Alhamdulillah tumepata mtoto wa kike, yeye na mama yake wazima. Jina tumempa Zuri.

Fatma (Maskati): Maashallah! Hongereni sana. Mpe mama pole na hongera.

Rehema (Tanga): Allah amkuze. Nimemsomea Bibi ujumbe, kalia kwa furaha. Sasa anauliza: Zuri nini?

Idrisa (Atlanta): Zuri tu, Bibi. Ndilo jina lenyewe.

Rehema (Tanga): Naandika anavyosema. "Gari zuri, naelewa. Jambo zuri, naelewa. Mtoto ni mtu, na mtu ni mzuri. Nani kaila hiyo m ya mbele?"

Shangazi Mwanaidi (Mombasa): Hongera mwanangu Idrisa. Lakini swali la Mama ni la haki, na mimi niliyefundisha Kiswahili miaka yote ile siwezi kulipita. Hiyo ni sifa, na sifa hufuata ngeli ya kinachosifiwa: mtoto mzuri, kitabu kizuri, nyumba nzuri, mahali pazuri. "Zuri" bila kitu mbele inakwenda na tunda, ua, gari. Watoto wetu tumezoea kuwapa nomino: Neema, Subira, Zawadi, Riziki, Lulu. Tukitaka kumsifu msichana kwa uzuri, twamwita Jamila, na Kiarabu kimeshalimaliza neno hilo, kimeliweka katika uke wake.

Fatma (Maskati): Halafu kwenye ile filamu ya Black Panther ya 2018, Zuri ni mzee mwanamume! Forest Whitaker ndiye aliyecheza.

Idrisa (Atlanta): Ni kweli, lakini huku mitaani Zuri ni jina la wasichana. Yupo mtangazaji wa televisheni, Zuri Hall. Vitabu vya majina vinaandika hivi: Zuri, asili Kiswahili, maana yake mrembo. Ndivyo mkwe wangu alivyolijua, tangu binti yake yuko tumboni mwake. Wakati ule mumewe hakulikubali, akalihifadhi kwa ajili ya mjukuu.

Juma (Bilbao): Hongera kaka. Mngekuwa huku mngeulizwa swali jingine kabisa. Kwa Kibaski "zuri" ni rangi nyeupe. Naingia dukani kila siku kununua ogi zuria, mkate mweupe. Na wapo wanawake wanaitwa Zuriñe, kwa maana hiyohiyo ya weupe. Neno ni lilelile kwa herufi, lakini halina udugu wowote na letu.

Rehema (Tanga): Bibi kasema tusimchanganye na mkate. Anataka kujua kwa nini mkwe wako hakumpa mjukuu jina la kwao.

Idrisa (Atlanta): Bibi, hilo ndilo lililonifanya nikubali. Nilimwuliza hivyo hivyo. Akaniambia jina la ukoo wao ni la mwenye shamba aliyewamiliki wazee wake. La kwao kabisa halijulikani, hakuna aliyeliandika. Alipokuwa msichana walisherehekea Kwanzaa nyumbani, ile sikukuu ya Wamarekani weusi, akajifunza maneno saba ya Kiswahili, kisha akaendelea kutafuta mengine. Zuri alilipata peke yake na akalipenda. Mimi nikaona nimwambie nini? Kwamba ngeli haikubali? Nilishindwa.

Babu Salim (Dar es Salaam): Hapo ngoja niingie, maana hayo nimeyaona kwa macho. Kwanzaa ilianzishwa California mwaka 1966 na Maulana Karenga. Wanaanza Desemba 26 na kumaliza Januari 1, na kila siku ina neno lake: Umoja, Kujichagulia, Ujima, Ujamaa, Nia, Kuumba, Imani. Yote yetu. Hata hilo Kwanzaa ni letu, limetolewa kwenye "matunda ya kwanza", wakaliongezea a moja mwishoni. Ndiyo maana mtasikia mabinti wa kule wakiitwa Nia na Imani. Wazee wao wengi walichukuliwa pwani ya Magharibi, huko hawakusema Kiswahili. Lakini wangechagua lugha ipi, na hawajui wametoka kabila gani? Walichukua ambayo si ya kabila moja.

Babu Salim (Dar es Salaam): Mwaka 1974 nilikuwa mwanafunzi Mlimani, Mkutano wa Sita wa Umoja wa Waafrika ukafanyika palepale chuoni. Walikuja Wamarekani weusi wengi. Kijana mmoja alinishika mkono akasema jina lake, neno la Kiswahili, akalitamka vibaya. Wenzangu wakacheka. Yeye hakucheka, aliniomba nimfundishe kulitamka. Tulikaa chini ya mti tukalirudia mpaka likakaa sawa. Mpaka leo kile kicheko kinaniuma.

Fatma (Maskati): Babu 😢

Rehema (Tanga): Bibi kanyamaza. Kaniambia nimsomee tena hapo pa mwenye shamba.

Rehema (Tanga): Sasa anasema: "Sawa, nimemwelewa huyo mama. Lakini uzuri wa mkakasi, ukipata maji basi. Mtoto aitwe kwa sura?"

Shangazi Mwanaidi (Mombasa): Mama, si sura peke yake. Ukisema fulani ni mtu mzuri, ni nani hapo anayefikiria pua na macho? Wewe mwenyewe humwita marehemu jirani yetu "mtu mzuri yule", na wote twajua ulikuwa wasifu moyo wake.

Shangazi Mwanaidi (Mombasa): Na kuna jambo linanisumbua tangu niandike yale ya ngeli. Mama, niwie radhi. Jina lako Tatu. Watoto watatu, vitabu vitatu, mayai matatu. Wa tatu, ya tatu. Tatu nini? Jina lako nalo limekatwa vilevile, tena pwani hapa hapa, na sijawahi kuliona kuwa na kasoro. Hata Pili ni hivyo hivyo, "wa" imeachwa. Nilimsahihisha mtoto wa watu kwa kosa ambalo ninalo nyumbani.

Rehema (Tanga): Amecheka kwanza. Halafu kasema, naandika polepole:

Rehema (Tanga): "Mbele yangu walikuwa Mosi na Pili. Pili hakufika arobaini. Mosi alikwenda na homa, mimi natambaa. Nilipokua, nyumbani nikawa peke yangu, lakini mama kila akiniita Tatu alikuwa akiwahesabu wote. Jirani mmoja alimshauri anibadilishe jina, alikataa. Basi huyo mama wa Marekani mwacheni na Zuri lake. Majina yao yamekwisha kuchukuliwa mara moja."

Idrisa (Atlanta): Bibi sikuwa najua habari za Mosi na Pili.

Shangazi Mwanaidi (Mombasa): Hata mimi ya Mosi naisikia leo.

Rehema (Tanga): Anataka jina la nyumbani pia. Kazaliwa lini, saa ngapi?

Idrisa (Atlanta): Jana Alhamisi, saa tatu na dakika ishirini usiku. Hata cheti kitaandikwa Alhamisi.

Fatma (Maskati): Basi Mwanahamisi!

Rehema (Tanga): "Hapana. Alhamisi jua likishatua ni usiku wa Ijumaa, Atlanta ama Tanga. Na hapa kwetu ilikuwa saa kumi alfajiri ya Ijumaa. Ni Mwajuma." Amesema hilo halijadiliwi.

Babu Salim (Dar es Salaam): Dada yangu kasema kweli. Na siku ya saba inahesabiwa kuanzia Ijumaa, kwa hiyo akika ni Alhamisi ijayo. Wa kike ni mbuzi mmoja.

Idrisa (Atlanta): Natuma pesa leo. Mchinjie hapo nyumbani, majirani wale.

Rehema (Tanga): Bibi anauliza huko wanatamkaje, Zúri au Zurí? Sauti inakaa wapi?

Idrisa (Atlanta): Mwanzoni, kama sisi.

Rehema (Tanga): Haya. Anasema piga, uiweke simu karibu na sikio la mtoto. Amekwisha jitanda kanga, yuko tayari.