Mrejesho: Baba amewekewa betri ya moyo

Nawashukuru nyote mlionijibu nilipouliza kuhusu baba yangu, aliyekuwa akizirai huku mapigo yake yakishuka hadi 34 kwa dakika. Tulifuata ushauri wa kupima umeme wa moyo, ikabainika kwamba mawimbi ya umeme huo hayafiki vyumba vya chini vya moyo. Akapandikizwa betri ya moyo chini ya mtulinga, yenye nyaya zilizopitishwa ndani ya mshipa, ambayo hutulia moyo unapopiga vyema na kuuchochea unapopungua chini ya mapigo 60. Kuzirai kumekoma. Miguu, hata hivyo, bado inavimba, kwa kuwa kifaa hiki hurekebisha mwendo wa mapigo tu, hakitibu misuli ya moyo iliyodhoofika, hivyo anaendelea na dawa. Aliyetahadharisha kwamba simu isikae karibu na kifaa alisema kweli: daktari ameagiza ikae sentimita 15 kutoka kwenye kifaa.